Aliyetupwa Kisimani

Wapenda sinema wengi huyajua majina ya waigizaji. Wachache hulijua la mwongozaji. La mtayarishaji karibu hakuna anayelijua, wala hilo halinishangazi, maana sisi tunaoishi kando ya Ziwa Tanganyika tunao mfano wake. Usiku wa giza, mwezi usipokuwapo, taa za wavuvi wa dagaa hutanda majini kuanzia Kibirizi mpaka mbali kuelekea Kongo, hata mgeni akadhani ni mji. Mvuvi tunamwona akiondoka jioni na kurudi alfajiri. Lakini mwenye vyombo, yule tajiri aliyenunua nyavu, taa na mafuta, akachagua nani aende na nani abaki, yuko nyumbani kwake amelala. Asubuhi dagaa wakianikwa mchangani yeye ndiye ajuaye kama usiku ulikuwa wa faida au wa hasara. Mtayarishaji wa filamu ni mtu wa namna hiyo. Hashiki kamera wala haigizi. Lakini bila yeye mtumbwi hautoki.

Ninayetaka kumzungumzia hapa ni Mjapani, Takashige Ichise, mzaliwa wa Kobe, mwaka 1961. Msomaji ana haki ya kuuliza mtu wa Ujiji anahusika nini na Mjapani anayetengeneza filamu za mizuka. Jibu lipo, nami nitalifikia, lakini kwanza tumwone mtu mwenyewe katika kazi zake.

Hakuanza na vitu vidogo. Mwaka 1988 alitayarisha Teito Monogatari, filamu ya gharama kubwa kuhusu mchawi anayetaka kuuangamiza mji wa Tokyo, yenye majengo ya kuigiza, mazimwi na makelele mengi. Miaka ya 1990 akaelekea kwa wageni, akashiriki kutayarisha Crying Freeman ya mwaka 1995, filamu ya risasi na damu iliyoongozwa na Mfaransa. Lau angeishia hapo, nadhani nisingeandika habari zake. Kilichombadilisha, au tuseme kilichotubadilisha sisi watazamaji, ni filamu ya fedha kidogo iliyotoka tarehe 31 Januari 1998 kwa jina la Ringu, kutokana na riwaya ya Koji Suzuki ya mwaka 1991. Mwongozaji alikuwa Hideo Nakata na mwandishi wa mchezo Hiroshi Takahashi. Siku hiyo hiyo watayarishaji walitoa na filamu ya pili, Rasen, inayoendeleza hadithi ile ile, zionyeshwe pamoja. Watu wakaipenda ya kwanza, ya pili wakaiacha. Basi mwaka 1999 ikatengenezwa Ringu 2, iliyoendelea kana kwamba Rasen haikupata kuwapo duniani. Mwenye vyombo huyo! Wavu usioleta kitu haurudishwi majini.

Baada ya hapo kazi zilifuatana upesi. Kijana mmoja, Takashi Shimizu, alikuwa ametengeneza mwaka 2000 kanda mbili za video zilizokwenda dukani moja kwa moja bila kupita kwenye jumba la sinema, kwa jina la Ju-on. Ichise akaitayarisha hadithi hiyo kuwa filamu ya jumba la sinema mwaka 2002, mwaka ule ule aliotoa filamu nyingine ya Nakata inayojulikana nje kama Dark Water. Mwaka 2004 wakaifanya Ju-on tena kwa Kiingereza, The Grudge, wakishirikiana na kampuni ya Sam Raimi wa Marekani. Hapo kulifanyika jambo lisilo la kawaida. Kwa kawaida Hollywood hununua hadithi, ikamwacha mwenye hadithi mlangoni. Safari hii mwongozaji alibaki Shimizu, mji ulibaki Tokyo, na mwanamke mzuka alibaki mwigizaji yule yule, Takako Fuji. Filamu iligharimu dola milioni 10 hivi, ikaingiza duniani kote kiasi cha milioni 187. Katika miaka hiyo hiyo Ichise alianzisha mfululizo wa filamu sita za kutisha, kila moja na mwongozaji wake, ya kwanza mwaka 2004 na ya mwisho mwaka 2010. Baadhi ni nzuri. Nyingine nimeziona mara moja na sina haja ya kurudia.

Sasa hadithi ya Ringu, kwa ambao hawajaiona. Kuna kanda ya video. Ukiitazama, simu inalia, na baada ya siku saba unakufa. Mwandishi wa habari, Reiko, mama mwenye mtoto mdogo, anaitazama, na hata mwanawe anaitazama. Katika kutafuta wokovu anagundua habari za mwanamke wa kisiwani, Shizuko, aliyekuwa na kipaji cha kuona yaliyofichika. Daktari mmoja alimpeleka mbele ya waandishi wa habari ili akionyeshe kipaji hicho hadharani. Shizuko alifaulu, lakini mmoja wao akasimama na kupiga kelele kwamba ni mwongo, na wengine wakamfuata. Mama yule hakuweza kuishi na aibu hiyo, akajitosa katika mlima wa volkano. Bintiye, Sadako, ambaye naye alikuwa na nguvu za namna hiyo na nyingine za kutisha zaidi, alipigwa na daktari yule yule akatupwa kisimani akiwa hai. Kanda inatoka kwake.

Tazama hadithi hii imejengwaje. Kabla ya mzuka palikuwa na kosa, na kabla ya kosa palikuwa na umati ulionyosha kidole. Wajapani wana neno la kale, onryo, yaani roho ya aliyedhulumiwa inayorudi kudai, na jukwaa lao limeishi nalo muda mrefu. Mchezo maarufu kuliko yote wa aina hiyo ulichezwa mwaka 1825, nao unahusu Oiwa, mke aliyesalitiwa na mumewe na kuharibiwa uso kwa sumu. Ichise hakubuni kitu hapa. Alichofanya ni kutambua kwamba mzuka wa mwaka 1825 unaweza kukaa ndani ya televisheni ya sebuleni, na kwamba ukitaka atishe usimwonyeshe mpaka dakika za mwisho. Sadako anapotoka kisimani, mwendo wake unashtua kwa sababu mwigizaji alitembea kinyumenyume na picha ikageuzwa. Ni hila isiyohitaji mitambo wala mamilioni, ila mtayarishaji mwenye moyo wa kungoja dakika tisini.

Hapa ndipo Kigoma inapoingia. Mimi niliona kwanza toleo la Marekani la mwaka 2002, The Ring, katika banda moja la video pale Mwanga. Waliokaa katika mabanda hayo wanakumbuka: mabenchi, joto, televisheni juu ya meza ndefu, na mfasiri mwenye kipaza sauti anayewaeleza watazamaji kwa Kiswahili kinachosemwa na kinachotendeka. Ufasiri huo ni sanaa yetu kamili. Sauti ya Lufufu wa Dar es Salaam ilijulikana nchi nzima, na kila mji ulikuwa na vijana waliomwiga. Mfasiri wa siku ile alikuwa hodari. Lakini filamu hii ilikuwa na ukimya mwingi, na mfasiri haulipwi ukimya. Kila pasipokuwa na maneno alitia yake, na msichana wa kisimani alipotajwa kwa mara ya kwanza, akatangaza: "Huyu mtoto ni mchawi!" Banda zima likaitikia. Tangu hapo alimwita hivyo hivyo, mchawi, na ilipofika picha ya mtoto kusukumwa kisimani, vijana walishangilia.

Simlaumu sana mfasiri. Wamarekani wenyewe walikuwa wamemfungulia mlango. Katika toleo lao mtoto ni mwovu tangu mwanzo, halali usingizi, farasi wanakufa kwa ajili yake, na anayemtupa kisimani ni mama aliyemlea, aliyechoshwa naye. Umati wa waandishi wa habari umeondolewa, mama wa kwanza aliyefedheheshwa ameondolewa, na kwa hiyo kosa limehama kutoka kwa mtupaji kwenda kwa mtupwaji. Miaka michache baadaye nilipoipata filamu ya Kijapani niliona tofauti hiyo kabla sijaona nyingine yoyote. Wakosoaji wamesema mengi kuhusu toleo lipi linatisha zaidi. Kwangu hilo ni swali dogo. Kubwa ni kwamba moja linakuuliza nani alimtupa, na la pili linakuuliza kwa nini hakufa sawasawa.

Kwetu swali hilo si la starehe. Katika mtaa wetu Ujiji alikuwapo bibi mmoja mjane aliyekuwa akichemsha mawese uani kwake. Moshi wa miaka arobaini ulikuwa umeyafanya macho yake mekundu. Wakati mmoja kulikuwa na filamu ya nyumbani iliyopendwa sana, yenye kikongwe mchawi wa macho mekundu, anayeruka usiku na kula watoto wa jirani. Mwishoni wanakijiji wanamchoma moto, na muziki unapanda kama wa arusi. Watoto wa mtaani wakaanza kumwita bibi yule kwa jina la mchawi wa filamu. Ilikuwa utani. Baadaye mtoto mmoja wa jirani alipougua homa ikamzidi, utani ukaacha kuwa utani, na usiku mawe yakaanza kuanguka juu ya bati lake. Mwanawe alikuja akamchukua. Chungu cha mawese kilibaki uani, na mvua ya masika ikakijaza maji.

Bibi yule alikuwa na bahati ya kuwa na mwana. Katika mikoa ya Kanda ya Ziwa, Shinyanga na Mwanza hasa, vikongwe wengi wameuawa kwa miongo kadhaa kwa ushahidi usiozidi macho mekundu. Kuanzia mwaka 2007 hivi tukashuhudia mauaji ya ndugu zetu wenye ualbino, ambao viungo vyao viliuzwa kwa kuaminiwa kuwa dawa ya utajiri; Januari 2009 Waziri Mkuu Mizengo Pinda akatangaza kufuta leseni za waganga wa jadi. Hapa mkoani kwetu, Kabanga karibu na Kasulu, watoto wenye ualbino waliwekwa nyuma ya ukuta wapate kulala usiku. Na sheria ya uchawi tuliyorithi kwa Waingereza, ya mwaka 1928, haimwadhibu anayejidai mchawi tu. Hata kumwita mwenzako mchawi, nje ya njia zinazoruhusiwa, ni kosa. Sijapata kusikia mtunzi wa filamu akiulizwa habari za kifungu hicho.

Nisieleweke vibaya. Sisemi filamu zetu za kutisha zifungwe. Mussa Banzi alipotoa Nsyuka mwanzoni mwa miaka ya 2000, na Shumileta mwaka 2005, alionyesha kwamba kamera ndogo ya video na mtaa wa Dar es Salaam vinatosha kumfanya mtu mzima aogope kwenda msalani peke yake. Huo ni ustadi, tena ulipatikana kwa fedha ambazo Ichise, hata katika siku zake za uchache, angezicheka. Wala sina ugomvi na jini wa Shumileta. Jini hana jirani anayefanana naye. Ukitoka bandani ukamtafuta, humpati. Kikongwe mchawi ana jirani anayefanana naye, na ukitoka bandani unampita akiwa kibarazani. Tofauti hiyo naiona kubwa kuliko tofauti zote za ufundi, za mwanga na sauti na damu ya rangi, ambazo wakosoaji wetu wa magazeti hupenda kuzihesabu.

Wapo watakaosema filamu huakisi tu yaliyomo ndani ya jamii, na kwamba watu waliamini uchawi kabla ya televisheni kufika Kigoma. Ni kweli. Lakini kioo nacho huchaguliwa mahali pa kutundikwa. Waliomfedhehesha Shizuko nao walikuwa ndani ya jamii ya Wajapani, na filamu iliwatazama wao. Fikiria hadithi ya kikongwe wa macho mekundu ikianzia kwenye moshi wa mawese, ikapita kwa jirani mwenye wivu wa kiwanja, kwa mganga mwenye haja ya fedha, mpaka usiku wa mawe. Na bibi akirudi baada ya kufa, arudi kwa wale wanaojua walichofanya. Hofu ingekuwa ile ile, pengine zaidi. Ila nani angeshangilia?

Ziwa letu lenyewe limewahi kupata filamu yake ya kutisha, ingawa wengi hapa hawana habari. Mamba mkubwa wa upande wa Burundi, aliyepewa jina la Gustave na kusingiziwa au kustahili sifa ya kuua watu wengi kwenye Ruzizi na ufuko wa kaskazini, alitengenezewa filamu Marekani mwaka 2007, Primeval, nayo ikapigwa Afrika ya Kusini. Nimeitazama kwa uvumilivu. Meno yote yanaonekana mapema, maji hayana kina. Sisi tunaokaa juu ya maji yenye kina cha mita zaidi ya 1,400 tunajua kwamba kinachotisha ziwani ni kile kisichoonekana. Mvuvi akikosa kurudi, mamba hatajwi, watu hukaa kimya tu wakitazama upande wa Kongo. Ichise na Nakata, katika Dark Water, walimtisha mtazamaji kwa doa la maji linalopanuka kwenye dari ya chumba cha kupanga, na nyuma ya doa lile palikuwa na mtoto ambaye hakuna aliyekuja kumchukua shuleni. Ningependa kumwona mtu mwenye akili ile akisimama gatini Bangwe jioni moja.

Lakini nisimpambe mno. Kazi yake ina kasoro, tena kasoro ya mwenye vyombo. Mwanamke mwenye nywele ndefu nyeusi zilizofunika uso, aliyekuwa kesi ya mtu mmoja mwaka 1998, baada ya miaka michache alikuwa alama ya biashara kama picha ya simba kwenye kibiriti. Ju-on ilizaa Ju-on, nayo ikazaa nyingine, Kijapani na Kiingereza. Mwaka 2008 alishiriki kutayarisha Shutter, filamu ya Wathai iliyohamishiwa Tokyo kwa ajili ya Wamarekani, na humo hofu imekuwa kama sahani iliyopashwa moto mara tatu. Lipo na jambo zito zaidi. Mzuka wa Ju-on, Kayako, aliuawa na mumewe kwa wivu ndani ya nyumba yao. Dhuluma ni wazi. Lakini anayelipa si mume peke yake. Wanaolipa ni mfanyakazi wa ustawi wa jamii aliyekuja kumtunza mgonjwa, mpangaji mpya, msichana wa shule, kila anayevuka kizingiti. Filamu ya kwanza inalisema hilo kwa uchungu. Katika zilizofuata nimeona uchungu umetoka, ikabaki hesabu ya maiti.

Nadhani mwenyewe aliliona. Mwaka 2020 alirudi kwenye nyumba ile kwa mfululizo wa vipindi sita wa Netflix, Ju-on: Origins, aliouandika pamoja na Takahashi, mwandishi wa Ringu, na mwongozaji akiwa Sho Miyake. Nywele ndefu na sauti ya koo iliyovuma duniani havimo. Ndani yake mna wanawake wanaopigwa, wasichana wanaoingiliwa kwa nguvu, majirani wanaosikia wasiseme, na televisheni chumbani ikitangaza habari za uhalifu halisi wa Japani wa miaka ile. Ni kazi ngumu kuitazama, na sehemu moja niliizima, nikaimalizia kesho yake mchana. Lakini ni kazi ya mtu aliyekumbuka kesi ilianzaje.

Nimalizie na mwisho wa Ringu. Reiko anagundua kwamba kumtoa Sadako kisimani na kumhifadhi kwa heshima hakukusaidia kitu. Aliyemsaidia katika utafutaji amekufa, naye bado hai, na sababu ni moja: yeye alitengeneza nakala ya kanda na kumwonyesha mwingine. Basi mtoto wake naye atapona akimwonyesha mtu. Tunamwona akiendesha gari chini ya mawingu, kanda kitini, akimpigia simu baba yake, babu wa mtoto, kwamba ana jambo la kumwomba. Filamu inakwisha gari likiwa njiani.

Nakala niliyoitazama ilichomwa katika kibanda cha kijana mmoja karibu na stesheni ya Kigoma kwa shilingi elfu moja. Hakuna senti iliyofika Tokyo, na nadhani Chama cha Hakimiliki nacho hakikusikia lolote. Tulikuwa watu sita sebuleni, na gari lilipotoweka tulianza kubishana. Mmoja alisema mama amefanya vema, mzee amekwisha kula chumvi yake. Mwingine akasema yeye angewatafutia wale waandishi wa habari waliopiga kelele, kama bado wako hai. Mzee wa nyumba, aliyekuwa kimya muda wote na mwenye wajukuu wanne mjini, aliuliza kama simu ile ilikuwa imeshakatwa, au kama baba mtu alikuwa bado anaweza kukataa. Tukarudisha nyuma tutazame. Diski ikakwama hapo hapo, na kijana wa stesheni alipoulizwa kesho yake akasema si shida, atatuchomea nyingine.